Zana za WHO za Kusimba Majeraha: Nimezipima kwa Risasi ya Ajali

Shirika la Afya Duniani (WHO) limeweka mtandaoni zana mbili ambazo idara yoyote ya kumbukumbu za afya nchini Uganda inaweza kuzifungua bila kujisajili wala kulipa. Zote zinahusu ICD, yaani uainishaji wa kimataifa wa magonjwa, unaoupa kila ugonjwa au jeraha msimbo wa herufi na tarakimu; kusimba ni kuutafuta msimbo huo na kuuandika katika faili. Ya kwanza ni kivinjari cha ICD-10, ukurasa wa kutafutia misimbo ya ICD ya kumi, ambacho toleo lake la mwisho ni la mwaka 2019. Ya pili ni Zana ya Usimbaji ya ICD-11, mfumo uliopitishwa na Mkutano Mkuu wa Afya Duniani mwezi Mei 2019 na kuanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022. Hapa nazipima zote mbili kwa kazi moja tu, yaani kusimba jeraha la risasi iliyotoka bila kukusudiwa. Nimechagua kazi hiyo kwa sababu malaria haimtoi jasho msimbaji: ugonjwa una jina, jina lina msimbo, mambo yamekwisha. Jeraha la risasi linadai misimbo isiyopungua miwili, mmoja wa kiungo kilichoumia na mwingine wa chanzo cha kuumia, na huo wa pili hubeba uamuzi kuhusu nia ya mtu aliyeshika silaha. Maoni yangu nayatanguliza: zana zote mbili ni nzuri, ile ya zamani kwa wepesi wake na ile mpya kwa kina chake, lakini zote huacha nafasi ya shambulio kuingia katika takwimu kwa jina la ajali.

Kwetu silaha si jambo la kambini peke yake. Walinzi wa kampuni binafsi husimama na bunduki mbele ya benki, vituo vya mafuta na maghala ya Kampala, Jinja, Mbale na Arua, na Karamoja imepitia awamu kadhaa za kunyang'anywa silaha bila silaha hizo kwisha. Mlinzi, polisi au mwanajeshi anapoletwa wodini akiwa amejeruhiwa, mara nyingi hujieleza kwa Kiswahili, lugha ya kazi yake, na maelezo yenyewe huwa mafupi: risasi ilitoka yenyewe. Daktari wa zamu, ambaye ana wagonjwa wengine wanaomsubiri, huandika GSW, kifupi cha Kiingereza cha jeraha la risasi, na jina la kiungo, kisha hukimbilia damu inayovuja, na hapo hana kosa. Tatizo hujitokeza mwisho wa mwezi, kwa kuwa fomu zetu za HMIS, yaani za mfumo wa taarifa za afya, zina mstari wa ajali za barabarani na mstari wa ukatili wa kijinsia, ilhali majeraha mengine mengi hukusanywa pamoja kama ya sababu nyinginezo kabla ya kuingizwa katika DHIS2, mfumo wa kompyuta wa takwimu za afya ambao nchi imekuwa ikiutumia tangu mwaka 2012. Aliyepigwa risasi na bunduki ya jirani yake na aliyeanguka kutoka mwembeni huhesabiwa safu moja. Msimbo wa ICD katika faili la mgonjwa ndio pekee unaoweza kutunza kisa chenyewe, na ndiyo maana ubora wa zana ya kuutafutia si jambo dogo.

Kivinjari cha ICD-10 ni chepesi. Hufunguka hata kwenye simu ya kawaida yenye mtandao dhaifu, upande wa kushoto kina mti wa sura, na upande wa kulia maelezo ya kila msimbo pamoja na yale yanayojumuishwa na yale yasiyojumuishwa. Ajali za silaha zimo katika sura ya 20, na ni misimbo mitatu tu: W32 ni bastola, W33 ni bunduki ndefu na silaha kubwa zaidi, na W34 ni silaha nyingine au isiyotajwa. Utatu huo hurudiwa kwa kila nia. Shambulio lina X93, X94 na X95. Kujidhuru kwa makusudi kuna X72, X73 na X74. Nia isiyoweza kubainishwa ina Y22, Y23 na Y24. Msimbaji anayeukariri mpangilio huu mara moja hahitaji tena kutafuta, na huo ni uzuri ambao mfumo mpya umeupoteza.

Uzuri wa pili ni tarakimu ya nne, inayoeleza mahali. Sifuri ni nyumbani, 4 ni barabarani, 5 ni maeneo ya biashara na huduma, 7 ni shambani, 9 ni mahali pasipotajwa. Maelezo ya tarakimu hizi yanafaa kusomwa polepole, maana yana mambo ambayo mtu asingeyabahatisha. Kambi ya jeshi inakaa chini ya tarakimu 1 pamoja na magereza, mabweni na nyumba za kulelea yatima, kwa kuwa ni taasisi ya makazi. Lakini uwanja wa mazoezi ya kijeshi unakaa chini ya tarakimu 8, pamoja na misitu, vilima na maziwa. Kwa hiyo mwanajeshi aliyejipiga risasi ya bahati mbaya akisafisha bunduki katika chumba chake cha kambini ni W33.1, na mwenzake aliyeumia kwenye uwanja wa shabaha ni W33.8, hata kama kati yao kuna uzio tu. Ipo pia tarakimu ya shughuli, ya hiari, ambayo 2 yake humaanisha mtu alikuwa kazini kwa ujira. Mlinzi wa benki ambaye bunduki yake ilifyatuka akiwa zamu na kumvunja mifupa ya kikanyagio cha mguu hupata S92.3, akiongezewa tarakimu 1 ya mvunjiko ulio wazi, kisha W33.5 na 2 ya shughuli. Mtu yeyote akisoma misimbo hiyo miaka kumi baadaye atajua ilikuwa bunduki ndefu, ilikuwa ajali, ilikuwa mahali pa biashara, na kwamba aliyeumia alikuwa akitafuta riziki. Kampuni inayoajiri walinzi au wizara inayosimamia usalama kazini isingehitaji ushahidi mwingine ili kuanza kuuliza maswali kuhusu mafunzo na hali ya silaha.

Upungufu wa kwanza wa kivinjari hiki ni kwamba hakijui lugha ya walinzi wetu. Hapa bunduki aina ya AK huitwa SMG na polisi, wanajeshi na walinzi, na daktari huandika alivyosikia. Ukiandika herufi hizo katika kisanduku cha kutafutia hupati kitu cha kukusaidia. Inakubidi ujue mwenyewe kwamba bunduki ya kijeshi, bunduki ya kuwindia, bombomu na bunduki ya marisawa zote zimo ndani ya W33, na kwamba bunduki ya upepo, ingawa ina mtutu mrefu, imetolewa humo ikapelekwa W34. Bunduki za kuundwa kienyeji, zile za bomba la chuma na kitako cha mti, nazo huangukia W34 kama silaha nyingine.

Upungufu wa pili ni mzito zaidi, na ndio ulionisukuma kuandika. Soma orodha ya yanayojumuishwa chini ya W34. Humo, pamoja na bunduki ya upepo na bastola ya kurushia fataki za ishara, limo jeraha la risasi lisilo na maelezo zaidi. Maana yake ni kwamba faili lenye GSW peke yake, bila neno lolote kuhusu nani alifyatua na kwa nini, likifuatwa kwa utii wa kitabu litaishia kwenye ajali. Mfumo umelazimika kuliweka mahali fulani jeraha lisilo na maelezo, na mahali hapo pakawa katikati ya ajali. Msimbaji mwenye haraka, mwenye rundo la mafaili mezani, ataandika W34.9 siku nzima na hakuna mkaguzi atakayemkuta na kosa. Kisha mtafiti atakuja kuhesabu, aone ajali nyingi za silaha isiyojulikana mahali pasipojulikana, na aandike ripoti kuhusu uzembe wa wenye silaha, kumbe sehemu ya watu hao walivamiwa na wezi.

Marekani, ambako silaha ni nyingi kuliko kwetu na wasimbaji wana ajira nono, tatizo hili lina umbo jingine. Toleo lao, ICD-10-CM, lililoanza kutumika hospitalini tarehe 1 Oktoba 2015, lina mwongozo unaoamuru waziwazi kwamba nia ikiwa haijulikani au haikutajwa, jeraha lisimbwe kama ajali; misimbo ya nia isiyobainishwa hutumika pale tu daktari anapoandika kwamba nia haiwezi kubainika. Watafiti wa huko wamelalamika kwa muda mrefu kwamba mashambulio mengi hugeuka ajali katika takwimu za hospitali, na kanuni hiyo ni miongoni mwa sababu. Nalitaja toleo hilo kwa sababu linatufikia hata tusipolitaka. Msimbaji wa Uganda anayetafuta msimbo kupitia mtambo wa kutafutia, badala ya kwenda moja kwa moja kwenye kivinjari cha WHO, huletewa kurasa za Kimarekani kwanza, kwa kuwa ndizo nyingi na ndizo zenye matangazo. Misimbo hufanana sura na kutofautiana maana. Kwa WHO, W32.0 ni ajali ya bastola iliyotokea nyumbani. Kwa Wamarekani, W32.0 ni bastola iliyofyatuka kwa ajali bila kujali mahali, tofauti na W32.1 ambayo ni ya bastola iliyoharibika ikadhuru. Mahali wao huandika kwa msimbo wa peke yake, na mwishoni huongeza herufi A, D au S kuonyesha kama ni tiba ya awali, mwendelezo au madhara ya baadaye. Nimeona mafaili yenye mchanganyiko wa mifumo hii miwili katika ukurasa mmoja, na hakuna kompyuta itakayoyafumbua. Ninavyoona, WHO ingekisaidia sana kivinjari chake kama ingeweka onyo la mstari mmoja juu ya ukurasa.

Zana ya ICD-11 ni kitu kingine kabisa. Huanzi na mti wa sura bali na kisanduku kimoja, na kila herufi unayoandika huleta orodha ya maneno pembeni na orodha ya misimbo katikati. Majeraha yamo katika sura ya 22, ambayo misimbo yake huanza na N, na vyanzo vya nje vimo katika sura ya 23, ambayo misimbo yake huanza na P. Nia imewekwa mbele ya yote: kuna kundi la yasiyokusudiwa, la kujidhuru, la shambulio, la nia isiyobainishwa, la hatua za vyombo vya sheria na la vita. Ndani ya kila kundi ndipo unakuta aina ya silaha. Ukishachagua msimbo mkuu, zana hukuonyesha viambatisho vinavyoweza kuongezwa, vyote vikianza na X: mahali, shughuli, kifaa kilichodhuru, na mengine. Misimbo huunganishwa kwa alama ya mkwaju (/) au ya &, ikawa mlolongo mmoja unaoeleza jeraha, chanzo, silaha, mahali na shughuli kwa pamoja.

Sifa ambayo siwezi kuinyima zana hii ni kwamba inauliza. Kivinjari cha ICD-10 kinakaa kimya kama kamusi. Usipojua cha kutafuta hakikwambii. Zana ya ICD-11, kwa kukuwekea nafasi za kujaza, humkumbusha msimbaji kwamba hajasema mahali, hajasema silaha, hajasema mtu alikuwa akifanya nini. Mara kadhaa nafasi hizo tupu zimenirudisha wodini kumuuliza muuguzi swali ambalo nisingelifikiria, na jibu likabadilisha msimbo. Kwa mafunzo ya wasimbaji wapya naipa alama za juu kwa sababu hiyo peke yake.

Lakini nafasi za viambatisho si za lazima. Ukichukua msimbo mkuu peke yake na kuondoka nao, zana inakuruhusu bila kunung'unika, na mtumiaji mwenye haraka hufanya hivyohivyo. Mlolongo uliokamilika nao una matatizo yake: ni mrefu, hausomeki kwa jicho, na ukiandikwa kwa mkono katika rejista ya karatasi, herufi moja iliyokosewa huharibu yote. Wale waliouunda waliukusudia kwa kompyuta. Hospitali yenye mfumo wa kielektroniki itafaidi. Kituo cha afya chenye daftari na kalamu kitasumbuka, na kwa kituo hicho ningependekeza ICD-10 bila kusita. Zana hiyo inapatikana katika lugha kadhaa, zikiwemo Kiingereza, Kifaransa, Kiarabu na Kihispania, ila Kiswahili sikukikuta katika orodha. Kwa mtandao, WHO hutoa pia toleo la kusakinisha kwenye kompyuta ya ndani ili lifanye kazi bila intaneti, na hilo ni jambo la kushukuru mahali ambapo vifurushi huisha kabla ya mwezi, ingawa kulisakinisha kunahitaji fundi anayejua anachofanya.

Hakuna zana kati ya hizi mbili itakayokusaidia pale kisa chenyewe kinapokuwa na utata, na visa vya risasi vina utata mwingi. Mwanamke anayeuza matoke kando ya barabara anapigwa na risasi ambayo haikuwa yake. Yeye hakulengwa na mtu, na familia yake itasema ilikuwa bahati mbaya. Kama aliyefyatua alikuwa polisi akijaribu kukamata mhalifu au kutawanya vurugu, ICD-10 inampeleka Y35.0, hatua za vyombo vya sheria, na msimbo huo hauulizi kama hatua ilikuwa ya haki au la. Kama waliofyatua walikuwa majambazi wakipigana wao kwa wao, mimi namsimba kama aliyeshambuliwa, maana nia ya kudhuru ilikuwepo hata kama ilimlenga mwingine. Kama ni mlinzi aliyeteleza kwenye ngazi na bunduki ikalia, hiyo ndiyo ajali. Majeraha ya mwili yanaweza kufanana kabisa katika visa vyote vitatu. Kaskazini kuna utata wa aina yake: bomu lililozikwa wakati wa vita vya serikali na waasi wa LRA na kulipuka baada ya makubaliano ya kusitisha uhasama ya Agosti 2006 bado ni la Y36.8, vita, ingawa mtoto aliyeligonga kwa jembe hajawahi kuviona vita hivyo.

Habari hizo haziko kwenye kompyuta. Ziko kwa mgonjwa, kwa aliyemleta, na katika Fomu ya Polisi namba 3 ambayo daktari hujaza kwa ajili ya upelelezi na ambayo mara nyingi huondoka na polisi bila nakala kubaki katika faili. Uganda ina historia ya kujivunia katika kuandika majeraha. Daktari Olive Kobusingye na wenzake walianzisha rejista za majeraha hospitalini katika miaka ya 1990, na kutokana na kazi hiyo tulipata Alama ya Majeraha ya Kampala, ambayo hutumia umri, shinikizo la damu, kasi ya kupumua, hali ya fahamu na idadi ya majeraha makubwa kupima hatari ya mgonjwa. Alama hiyo hutumika hata nje ya nchi kwa sababu inajazwa kwa dakika chache na haihitaji mashine ghali. Imekusudiwa kupima ukali, si nia, na sijaona bado karatasi fupi ya namna hiyo iliyoenea wodini ikiuliza maswali manne ya msimbaji: silaha gani, ilikuwa mkononi mwa nani, alikuwa akifanya nini, na wapi. Idara ikiitengeneza yenyewe kwa nusu ukurasa na kuibana mbele ya faili, kivinjari cha zamani cha ICD-10 kitatoa misimbo bora kuliko zana mpya inayolishwa GSW tupu.

Uzito wa haya huonekana zaidi mgonjwa anapofariki. Akiwa hai, kanuni za ICD-10 huweka jeraha mbele na chanzo nyuma kama nyongeza, hivyo hata msimbo wa W ukikosewa, msimbo wa S, ule wa jeraha la paja au la kifua, bado unasimama. Akifa, mambo hugeuka: chanzo cha nje ndicho huwa sababu ya msingi ya kifo, na ndicho hupanda peke yake katika takwimu za taifa. Mshipa wa damu wa paja uliokatwa, S75.0, haupandi nacho. Hapo tofauti ya W33 na X94 haibaki kuwa ya herufi, maana mtu aliyeuawa anaweza kuingia katika vitabu vya nchi kama mtu aliyepata ajali, na hakuna atakayerudi kulifungua faili.

Kwa hospitali za rufaa zenye kompyuta, umeme wa kuaminika na msimbaji aliyefunzwa, ICD-11 inafaa kuanza kutumika kwa majeraha hata kabla ya magonjwa mengine, kwa kuwa hapo ndipo inapoizidi mtangulizi wake kwa mbali. Kwa vituo vidogo, alamisheni kivinjari cha ICD-10 moja kwa moja kwenye simu ili mitambo ya kutafutia isiwapeleke Marekani, chapisheni ukurasa wa W32 hadi W34 pamoja na X93 hadi X95 na Y22 hadi Y24, ubandikeni ukutani, na W34.9 iandikwe tu baada ya mtu kwenda wodini kuuliza.